Ukigusa, Umecheza

Tarehe 3 Februari

Baba,

Shikamoo. Nimekaa juu ya meza ya kukatia vitambaa, wenzangu wameenda kula, na nina muda kidogo tu kabla msimamizi hajarudi kutuhesabu kama kuku. Kwa hiyo naingia moja kwa moja kwenye habari yenyewe: Mwalimu ameleta posa. Ndiyo, yule yule wa hesabu, niliyekuambia ana shingo ndefu na hawezi kucheka bila kufunika mdomo. Baba yake na shangazi yake walikuja kwa Mama Mkubwa Jumapili, wamevaa kana kwamba wameitwa mahakamani. Mama Mkubwa amewaambia yeye ni dada wa marehemu mama tu, jibu la mwisho litatoka kwako.

Shangazi ndiye mwenye maswali. Alitaka kujua kama ukoo wetu una kifafa, kichaa, ukoma au mtu aliyewahi kujiua. Mama Mkubwa akajibu kwamba hatuna lolote ila sataranji. Shangazi akauliza huo ni ugonjwa gani na unaambukiza vipi. Mwalimu alifunika mdomo mpaka machozi yakamtoka.

Nimesoma gazetini umeingia nusu fainali. Hapa kiwandani hawaamini kwamba Kimya, bingwa wa taifa mara tatu, ni baba yangu. Wanasema binti wa bingwa asingekuwa anakata mikono ya mashati. Shinda uwazibe midomo, halafu uje. Mwalimu anataka watoto sita, mimi nimemwambia wawili, kwa hiyo kuna mgogoro na wewe ndiye utatuamulia.

Halafu, mbona barua yako ya mwisho ilikuwa fupi hivyo, na mwandiko umelala chini kama umepigwa? Umepoteza miwani tena?

Mwanao


Tarehe 14 Februari

Mama,

Marahaba. Leo nimekuita "mama" kwa sauti, peke yangu hapa chumbani, kwa ajili ya furaha na kwa ajili ya bibi yako aliyekuachia jina. Mhudumu wa hoteli akagonga mlango kuuliza nahitaji nini.

Mwalimu nimemkubali. Mtu anayeona aibu kuonyesha meno yake hatakutukana hadharani. Mwambie Mama Mkubwa nimesema ndiyo, awajibu kabla shangazi hajatafuta ugonjwa mwingine wa kuuliza.

Miwani ninayo. Tatizo ni meza ya chumba hiki, ina mguu mmoja mfupi, inacheza kila ninapoandika.

Tunachezea katika ukumbi wa shule ya ufundi. Meza zimefunikwa kitambaa cha kijani, yangu ina tundu la sigara mahali ninapoweka kiwiko. Napambana na yule wanayemwita Daktari wa Meno, na kweli ndiyo kazi yake. Anakutazama mdomoni muda wote, mpaka unajihisi una jino bovu. Mchezo wa kwanza nimepoteza. Nilikuwa nimeshambana, nikanyoosha mkono kuchukua ngome, nikagusa malkia. Kwetu ukigusa kete unacheza hiyo hiyo, hata kama inakwenda kufa, na malkia wangu akaenda kufa mbele ya ukumbi mzima. Uzembe tu. Saa ilikuwa inaniishia, unanijua.

Kuhusu mgogoro wenu wa watoto, uamuzi wangu ni kwamba msiwe na haraka. Kaeni miaka kadhaa mfahamiane, nunueni vitu, tembeeni. Nakuomba hili kama baba, na wewe ni shahidi kwamba mimi si mtu wa kuombaomba.

Baba yako


Tarehe 27 Februari

Baba,

Shikamoo. Gazeti la Jumamosi lilifika kiwandani limefungiwa sabuni. Mwenzangu wa meza ya vifungo ndiye aliyelikunjua akanionyesha, kwa ile huruma inayoudhi kuliko kejeli. Mwandishi anasema katika mchezo wa pili ulimwaga chai juu ya ubao na watu wakacheka. Anasema ulipoinuka kwenda chooni ulikuwa unashikilia ukuta. Anasema chama kimekutoa mashindanoni "kwa hali isiyostahili bingwa", na kila mwenye akili zake anajua maneno hayo ya kistaarabu yanasema nini.

Sitaki kuzunguka mbuyu. Umerudia pombe?

Mama alipofariki, mimi ndiye niliyekuwa nakuja kukutoa vilabuni. Nilikuwa nakushika mkanda wa suruali kwa nyuma ili usiingie barabarani, na nilikuwa mfupi kiasi kwamba watu hawakuniona, walidhani unatembea mwenyewe. Uliapa juu ya kaburi lake kwamba basi, na mimi nikakuamini. Bibi naye namkumbuka. Vikombe vilikuwa vinamponyoka, miguu inakwenda kila mmoja upande wake, watoto wa mtaa wanamfuata nyuma wakimwiga. Wewe mwenyewe uliniambia pombe ndiyo iliyommaliza. Sasa unataka nikuone na wewe vile vile?

Shangazi yake Mwalimu anasoma magazeti. Ameshaanza kuuliza kwa upole, na upole wake ndio unaoniweka roho juu. Nijibu haraka, na unijibu ukweli.

Mwanao


Tarehe 6 Machi

Mama,

Ni kweli. Nimerudia.

Nilianza mwaka jana, kidogo kidogo, nikijidanganya kwamba ni dawa ya usingizi. Sababu sina. Mlevi hana sababu, ana kiu. Ile chai haikuwa chai tupu, na ukuta niliushika kwa kuwa sakafu ilikuwa inanijia.

Mwambie shangazi yake hivyo hivyo, bila kuremba. Mwambie baba yako ni mlevi wa kujitakia, aliyejifunzia ukubwani, na kwamba mambo hayo hayamo kwenye damu yetu. Hilo la damu ulisisitize. Hata kwao lazima yuko mmoja wanamfungia chumba cha nyuma wageni wakija.

Posa isikwame kwa ajili yangu. Fanyeni harusi. Mimi sitakuja, nisije nikamwaga kitu juu ya gauni lako. Mama Mkubwa asimame mahali pangu, ana sauti ya kutosha wazazi wawili.

Na wewe usije huku. Nakuomba sana, usije kuniona.

Baba yako


Tarehe 12 Machi

Ndugu yangu Kimya,

Salaam. Nakuandikia kama rafiki, ingawa karatasi hii ina mhuri wa chama. Nyingine sina.

Nimekuwa mwamuzi wa sataranji tangu nywele zangu zikiwa nyeusi, na nimetoa hukumu nyingi zilizonipotezea marafiki. Hakuna iliyoninyima usingizi kama ile ya malkia wako. Nilikuwa nimesimama karibu. Mkono wako haukuwa unachagua kete, uliruka wenyewe, kama mtu aliyesukumwa kiwiko na mtu asiyeonekana. Daktari wa Meno akadai kanuni, nami nikampa kanuni. Kanuni haina macho, ndiyo maana wanaweka mwamuzi, na siku ile mwamuzi naye alijifanya hana.

Sasa naomba unieleze jambo moja. Siku zote za mashindano tulikula meza moja. Ulikunywa chai na maji ya bomba. Nilikusindikiza mpaka mlangoni kwako kila jioni. Mwenyekiti alipokuuliza mbele ya kamati kama ulikuwa umelewa, mimi nilikuwa nimeshainuka kukutetea, koo nimeshalisafisha. Ukasema, "Nilikuwa nimelewa." Ukanikalisha chini kama mtoto. Wamekufungia maisha, na Jumatatu wameshusha picha yako ukutani. Imebaki alama ya mraba kwenye rangi.

Kitabu cha kanuni nakijua kuliko mke wangu anavyonijua mimi. Mchezaji mwenye maradhi ya mikono anaruhusiwa msaidizi. Yeye anataja hatua, msaidizi anasogeza kete, basi. Cheti cha daktari kinatosha. Ungeweza kukalia mikono yako yote miwili na bado ukamla yule bwana mzimamzima. Kwa nini hukusema?

Wako, Mwamuzi


Tarehe 20 Machi

Ndugu Mwamuzi,

Uvumilie mwandiko, herufi zangu siku hizi zinapanda mlima bila ruhusa.

Naumwa. Cheti ninacho, nimekikunja ndani ya soksi kabatini. Daktari wa mishipa ya fahamu alinitazama nikitembea kwenye veranda ya hospitali, kisha akaniambia nitoe ulimi nje na niushikilie hapo hapo. Ulimi ukarudi ndani wenyewe. Nikautoa tena, ukarudi tena. Akaacha kuandika, akaniuliza mama yangu alikufa kwa nini. Nikamwambia pombe. Akauliza alikuwa anakunywa kitu gani. Nikafungua mdomo nimjibu, nikagundua sijui. Sijawahi kumwona mama na glasi. Sijawahi kumsikia akinuka. Mtaa mzima ulisema analewa, na mimi nilikuwa mtoto wa mtaa huo, nikasema walichosema wao. Nikaenda nikamrithisha na mwanangu maneno hayo.

Ni ugonjwa wa ukoo. Unaanza na mikono, unakwenda miguuni, kisha maneno, kisha akili. Dawa hakuna. Kila mtoto wa mgonjwa ana nusu ya kuupata na nusu ya kuukosa, na hapa kwetu hakuna kipimo cha kujua mpaka uanze wenyewe, na unaanzia utu uzima, mtu akiwa ameshazaa. Mimi mtoto ninaye mmoja. Ana posa mezani, na wakwe wanauliza maradhi ya ukoo swali la kwanza kabla hata ya kukaa. Cheti changu kikifika kwenye kamati leo, kesho kiko gazetini. Mlevi anasamehewa, anachekwa na kusamehewa. Damu mbovu haina msamaha.

Kwa hiyo nikakaa nikahesabu kama ninavyohesabu siku zote. Nikatazama nina nini cha kutoa. Nina jina, picha ukutani na wanafunzi wachache. Nikavitoa vyote kwa mpigo. Nimeitazama hatua hii kutoka kila upande, Mwamuzi, sioni kosa. Yeye anaolewa, anafurahia miaka yake, na huenda yuko kwenye ile nusu nzuri, asihitaji kujua chochote mpaka anakufa kikongwe. Nakuomba ufunge mdomo wako. Hunidai maelezo, lakini mimi nakudai malkia.

Wako, Kimya


Tarehe 28 Juni

Baba,

Shikamoo. Nimeolewa, mwezi wa pili sasa. Mama Mkubwa alisimama mahali pako, akalia kwa niaba ya watu wawili. Gauni nilikata mwenyewe, na mabaki ya kitambaa yakatosha tai ya Mwalimu. Walioulizia habari zako tuliwaambia umesafiri kikazi. Baba mkwe akakohoa. Kila mtu alijua, kila mtu akajifanya hamnazo.

Shangazi ndiye aliyenishangaza. Alinivuta pembeni akaniambia kila nyumba ina mtu wake, kwao kaka mkubwa hulala mitaroni, la msingi ni kwamba damu ni safi. Nilimshukuru huku nimekasirika.

Nilikuwekea kiti. Sikumwambia mtu. Niliweka mkoba wangu juu yake ili asikae mwingine, na kila mlango ulipofunguka niligeuka. Nilidhani mtu anaweza kukaa siku moja bila kinywaji kwa ajili ya mwanawe wa pekee. Nimeona huwezi, na nimeacha kugeuka.

Uliniambia tusiwe na haraka ya watoto. Basi ufurahi, tunasubiri. Kwanza tunanunua cherehani, mengine baadaye.

Usiniandikie tena ushauri. Niandikie siku utakayoacha.

Mwanao


Tarehe 9 Julai

Ndugu yangu Kimya,

Salaam. Barua ya mwanao uliyonitumia nimeisoma mara mbili, ya pili nikiwa nimesimama. Nimenyamaza kwa kuwa uliniomba na kwa kuwa, kama ulivyonikumbusha bila aibu, unanidai. Lakini sasa deni limekwisha na nitasema.

Umekosea. Ulivyotoa jina lako na picha yako, hapo sina neno. Vilikuwa vyako. Ila kuna kete nyingine umeigusa ambayo si yako. Azae au asizae, amwambie mumewe au asimwambie, hayo ni maisha ya yule binti, na hawezi kuamua jambo asilolijua. Unamchezea mchezo wake huku umemziba macho, halafu unaniandikia kwamba huoni kosa. Isitoshe anakuchukia bure. Kiti kile kimenichoma mimi nisiye na mtoto, sijui wewe kilikufanyaje.

Anasema wanasubiri. Basi una muda, na mimi nakujua wewe na muda. Nimekaa kando ya meza yako miaka yote hiyo. Michezo yako mizuri kuliko yote uliipoteza ukiwa juu, ukiendelea kutafuta hatua safi zaidi wakati ile ya kwanza iliyokujia ilitosha, mpaka saa ikaisha na mkono uko hewani. Mwandikie wiki hii.

Na uhame pale juu ya duka la baiskeli. Zile ngazi zitakumaliza kabla ya ugonjwa. Mke wangu ameshatoa masanduku kwenye chumba cha nyuma, na ukikataa atakuja yeye mwenyewe kukuchukua. Simtakii mtu hilo.

Wako, Mwamuzi


Tarehe 16 Julai

Ndugu Mwamuzi,

Chumba nakikubali. Juzi nilishuka ngazi nusu kwa miguu na nusu kwa mgongo, na fundi baiskeli akaniambia nipunguze kidogo asubuhi.

Kuhusu binti, nimejaribu. Naandika "Mama, nina jambo", halafu namwona ameinama juu ya kile kitambaa na mkasi wake mkubwa, kazi yake yote iko kwenye vidole, nachana karatasi. Amesema mwenyewe kwamba wanasubiri. Mwache anunue cherehani. Mwache apate mwaka mmoja wa kuchukia mtu na kulala vizuri, badala ya kujitazama mikono. Mwisho wa mwaka nitamwambia, nakuahidi.

Usinikaripie zaidi ya hapo. Kile kiti nakiona kila ninapofumba macho.

Wako, Kimya


Tarehe 21 Septemba

Mama,

Mwandiko huu ni wa rafiki yangu Mwamuzi, naishi kwake tangu Agosti. Maneno ni yangu. Nimemwomba asiyanyooshe, na amekubali kwa shida.

Sinywi. Sijanywa tone tangu siku niliyoapa kwenye kaburi la mama yako. Nilikudanganya. Naumwa ugonjwa unaotikisa mikono na miguu, na ndio ulioniangushia malkia na kumwaga ile chai. Bibi yako alikuwa na ugonjwa huo huo. Hakuwahi kuonja pombe. Tulimzika mwanamke mwenye kiu ya maji tu, tukamwita mlevi, na mimi ndiye niliyekufundisha kumwita hivyo.

Sasa nafika kwenye lile nililokuwa nalikimbia. Ugonjwa huu unashuka kutoka kwa mzazi kwenda kwa mtoto. Unaweza kuwa nao, unaweza usiwe nao, ni sawa kwa sawa, na huku kwetu hakuna daktari anayeweza kukuambia. Kila mtoto utakayemzaa, kama wewe unao, naye atakuwa katika hali hiyo hiyo. Nilinyamaza ili uolewe. Kisha nikanyamaza ili ufurahi. Kisha nikanyamaza kwa kuwa nilikuwa nimeshazoea kunyamaza, si unajua wananiitaje. Nilikuwa nimepanga kukuambia mwisho wa mwaka, kwa kuwa uliandika kwamba mnasubiri.

Wiki iliyopita Mwamuzi aliniwekea ubao tupoteze muda. Nilimtazama farasi, nikasahau anakwendaje. Nikajua ni yeye, ni farasi, nimekula naye maisha yangu yote, lakini sikujua anakwendaje. Mwamuzi akaniambia, na nikacheza, na nikashinda, lakini nilikuwa nimeshaogopa. Leo ni farasi, kesho ni maneno yenyewe, na hili sitaki ulisikie kwa mtu mwingine.

Usizae kabla hujafikiri. Kaa na mumeo, mwambie au usimwambie, uamuzi ni wako. Ungekuwa wako tangu Februari, na mimi nilikunyang'anya. Nisamehe kama unaweza. Usipoweza nitaelewa.

Baba yako

Mimi mwandishi naongeza langu, yeye amesinzia. Hukumu ya malkia niliitoa mimi. Anaongea vizuri asubuhi kuliko jioni. Ukija, njoo asubuhi.


Tarehe 11 Oktoba

Baba,

Shikamoo. Na wewe Mzee Mwamuzi, shikamoo. Najua wewe ndiye unayemsomea. Soma taratibu na usiruke kitu, hata pale utakapotaka kuruka.

Nina mimba ya miezi mitano. Siku niliyokuandikia kwamba tunasubiri nilikuwa nimeshajua, nilikuwa natapika kila asubuhi nyuma ya marobota ya vitambaa. Sikutaka mlevi awe mtu wa kwanza kufurahi. Nilikunyima habari hiyo kwa makusudi, ili siku ukija kujua uone kunyimwa kunavyouma. Sasa naambiwa ulikuwa umeishikilia ile "tunasubiri" yangu kama ahadi. Nimelifikiria hilo mpaka kichwa kimeniuma, na sijui nimlaumu nani, maana kila ninapokulaumu wewe najikuta na mimi nimo.

Barua yako niliisomea chooni kiwandani. Kisha nikarudi mezani nikakata mikono ya mashati mpaka jioni, na hakuna aliyejua. Mkasi uliniponyoka mara moja. Mkasi unamponyoka kila mtu. Nilibaki nikiutazama pale sakafuni mpaka msimamizi akaniuliza kama nimeona nyoka. Siku hizi Mwalimu akishatoka kwenda shule nautoa ulimi mbele ya kioo, maana nilimwandikia daktari wa wilaya kuuliza dalili, bila kutaja jina, na alinijibu kirefu. Mpaka leo unakaa nje. Nikimaliza najiona mjinga, na asubuhi ya pili nautoa tena.

Nimekukasirikia, sitaficha. Kuumwa si kosa lako. Ila ungeniambia Februari ningechagua. Labda ningeolewa vile vile, labda nisingeshika mimba, sasa sitajua kamwe, na mtoto ameshaanza kupiga mateke. Nakukasirikia, halafu namwona mtu aliyekaa peke yake juu ya duka la baiskeli siku ya harusi yangu, mzima wa akili, hajanywa kitu, anatazama saa, nalia. Halafu nakukasirikia upya.

Nilipanga kumwambia Mwalimu siku ile ile. Nilimsubiri mezani na barua mkononi, maneno nimeshayapanga, nimepiga moyo konde. Akaja amejitwika kitanda cha mtoto kichwani. Amekiunda mwenyewe kwenye karakana ya shule, anajivunia kwamba hakuna msumari hata mmoja uliochomoza, rangi imemchafua kola. Shangazi alikuwa nyuma yake na godoro dogo. Wakakiweka katikati ya chumba, wakakizunguka kama wanunuzi. Mwalimu akaona karatasi mkononi mwangu. Akauliza, "Baba anasemaje?"

Hakuna aliyekuwa ananiharakisha. Nilimtazama yeye, nikamtazama shangazi, ameinama anapapasa ubao wa kitanda kwa kiganja kutafuta vibanzi.

Nikasema, "Bado anakunywa."

Mwalimu alikuja akanishika bega. Shangazi akasema masikini, na kwamba nisijitie uchungu katika hali hii, mtoto atatoka na sura ya huzuni. Hakuna aliyeuliza tena.

Kwa hiyo hivi ndivyo itakavyokuwa. Mtoto akizaliwa usije. Huyu shangazi ana macho, na mtu mwenye macho akikuona unavyotembea sasa atajua mara moja kwamba ile si pombe. Mimi ndiye nitakayekuja, asubuhi, kama Mzee Mwamuzi anavyosema, na nikiweza nitakuja naye mgongoni. Nitaaga kwamba nafuata vitambaa. Ila mbele za watu hawa itabidi uendelee kuwa mlevi, Baba, maisha yako yote yaliyobaki, na mimi nitaendelea kuwa mtoto wa mlevi anayeona haya kumtaja baba yake. Ulipoanza ulikuwa unafanya kwa hiari yako. Sasa nakuomba mimi.

Nakutumia shati na barua hii. Halina vifungo, ni la kuvalia kichwani, na mikono nimeipanua ili usihangaike. Vipimo vyako vya sasa sivijui, kwa hiyo nilimsimamisha Mwalimu nikampimia yeye. Aliuliza ni la nani. Nilimwambia ni la mteja.

Mwanao